Anayechukua sanduku moja si mjinga

Kuna mwandishi anayemwona mjinga anayechukua sanduku moja katika fumbo la Newcomb, fumbo la kifalsafa kuhusu uamuzi lililochapishwa na mwanafalsafa Robert Nozick mwaka 1969. Sikubaliani naye hata kidogo. Kuna masanduku mawili, nawe unachagua: uchukue lililofungwa peke yake au yote mawili. Sanduku la wazi lina dola 1,000. Lililofungwa lina dola 1,000,000 ikiwa mtabiri hodari amekwisha kukisia kwamba utachukua hilo tu; akikisia utabeba yote mawili, halina kitu. Wanaopima uamuzi kwa kile unachokisababisha wanasema beba yote mawili, maana fedha zimeshawekwa. Hoja nzito hiyo. Lakini hao hao ndio karibu kila mara huondoka na dola 1,000 tu! Mwanafalsafa David Lewis, wa upande wao, alijibu kwamba utajiri hapo umetengewa wasio na busara, yaani wanaochukua moja. Hainiingii akilini: kama nalijua hilo mapema, kwa nini nijizoeze kuchagua kama wanaokosa?