Jubilee ndicho kipindi bora cha muziki kilichopata kutoka redio ya Marekani

Ukisoma habari za enzi ya dhahabu ya redio ya Marekani, majina huwa ni yale yale: Bing Crosby na Kraft Music Hall, Jack Benny, Bob Hope. Sina ugomvi na Crosby, sauti alijaliwa. Lakini kipindi cha muziki na utani ninachokiweka mimi juu ya vyote hivyo mara nyingi hakitajwi kabisa. Kinaitwa Jubilee. Hakitajwi kwa sababu familia za Marekani zilizokuwa zikikusanyika sebuleni jioni kusikiliza redio hazikurushiwa kipindi hicho.

Kilianza mwaka 1942, Marekani ikiwa imeshaingia Vita Kuu ya Pili ya Dunia, na kikaendelea hadi 1953. Kilitengenezwa Los Angeles na AFRS, idara ya redio ya jeshi, kwa ajili ya askari weusi waliokuwa ng'ambo. Kilirekodiwa mbele ya watazamaji, kikahamishiwa kwenye santuri kubwa za upana wa sentimita 40 hivi, robo saa kila upande, kisha santuri zikasafirishwa hadi vituo vya redio vya jeshi huko askari waliko. Duke Ellington alipita pale. Count Basie, Jimmie Lunceford, Ella Fitzgerald, Lena Horne na Art Tatum nao walipita, wote vigogo weusi wa muziki wa jazi. Sijui kipindi kingine cha nusu saa kilichowahi kupata wageni wa namna hiyo wiki baada ya wiki.

Mshereheshaji alikuwa Ernie Whitman, mwigizaji mwenye mwili mkubwa na sauti nzito, aliyeitwa kwa utani “Bubbles”. Alizungumza lugha ya mitaa ya wapenzi wa jazi, kwa kasi, bila kumtafsiria mtu. Hapo ndipo uzuri wa Jubilee unapoanza kwangu. Redio ya kawaida nchini humo, wakati huo, ilimruhusu mtu mweusi kusikika kwa njia finyu sana. Amos 'n' Andy, kipindi kilichopendwa mno tangu 1928, kilikuwa na wahusika weusi waliotiwa sauti na wazungu wawili, Freeman Gosden na Charles Correll. Eddie Anderson alikuwa mchekeshaji mweusi hodari, lakini kwenye kipindi cha Jack Benny alikuwa Rochester, mtumishi wa nyumbani. Makampuni yaliyodhamini vipindi yaliogopa kuwaudhi wateja wazungu wa majimbo ya kusini, na bila mdhamini hukuwa na kipindi. Jubilee hakikuwa na sabuni wala jibini ya kuuza, hivyo Whitman aliongea na watu wake kama anavyoongea nao.

Kuna jambo jingine ambalo wapenzi wa muziki hawana budi kulishukuru. Tarehe 1 Agosti 1942 chama cha wanamuziki cha Marekani, chini ya James Petrillo, kiligoma kurekodi kwa makampuni ya santuri, na makampuni mawili makubwa hayakukubaliana nacho hadi Novemba 1944. Miaka hiyo ndiyo jazi ilipokuwa ikibadilika. Jeshi liliruhusiwa kuendelea kurekodi, kwa hiyo mengi yaliyopigwa wakati huo tunayo kwa sababu ya vipindi kama hiki. Hata baada ya mgomo Jubilee kiliendelea kuwa mbele: mwaka 1945 kilirekodi bendi ya Billy Eckstine, Fats Navarro akiwa kwenye tarumbeta na Art Blakey kwenye ngoma. Mwisho wa mwaka huo walikaribishwa Dizzy Gillespie na Charlie Parker, waliokuwa wakipiga klabu ya Billy Berg's kule Hollywood. Sikiliza jinsi wawili hao wanavyoanza wimbo kwa pamoja, tarumbeta na saksafoni, kwa mwendo ule wa kutisha, bila hata mmoja kumtangulia mwenzake. Muziki huo ulikuwa mpya kabisa, na ulitumwa kwa askari kama burudani ya kawaida.

Wapo wanaosema Jubilee kilikuwa propaganda tu. Ni kweli jeshi lilikitaka ili kutuliza watu waliokuwa na haki ya kukasirika. Askari hao walipigana katika vikosi vilivyotengwa kwa rangi, na amri ya Rais Truman ya kukomesha ubaguzi jeshini haikutoka hadi Julai 26, 1948. Lena Horne alisimulia alivyokataa kuendelea na onyesho kambini alipoona wafungwa wa vita wa Kijerumani wameketi mbele ya askari weusi wa Marekani. Lakini nia ya aliyelipia studio haiufanyi muziki kuwa wake. Sisi wa Afrika Mashariki tunalielewa hili. Fundi Konde, mpiga gitaa wa Kenya, alikuwa katika kikosi cha burudani cha KAR (King's African Rifles) kule Burma, chini ya jeshi la mkoloni, na hakuna anayesema gitaa lake lilikuwa la Mwingereza.

Kinachonichoma ni kwamba nchi ilijua thamani ya muziki huu ilipowahitaji watu wake vitani, ikaunyima nafasi nyumbani. Nat King Cole, mwimbaji na mpiga piano mweusi, na wenzake wawili walipata kipindi chenye mdhamini kwenye mtandao wa redio wa NBC mwaka 1946 tu, nacho kilikuwa cha robo saa.

Santuri za AFRS zilitakiwa kuharibiwa zikishatumika. Zilizobaki zilifichwa na watu au zikahifadhiwa kwenye maktaba, na baadaye wakusanyaji wakatoa nakala. Wengine wao walikata maneno ya Whitman na kubakiza nyimbo peke yake. Mimi nasema wamekosea sana. Ukitafuta Jubilee mtandaoni, tafuta kipindi kizima, chenye utani, makofi na vigelegele vyake, maana askari walitumiwa vyote.