Mwamba wa pweza usifungwe kwa mazoea

Kamati za uvuvi Unguja na Pemba zikifunga mwamba wa pweza, yaani zikizuia uvuvi hapo kwa muda, aghalabu huufunga miezi mitatu, kisha husifiwa kwa mzigo wa siku ya kufungua. Kipimo hicho kinadanganya, na modeli zetu za ofisini, yaani hesabu za kukisia viumbe wataongezekaje, zinakisaidia kudanganya.

Inayopendwa ni ya mwanahisabati Mbelgiji Verhulst, ya mwaka 1838: viumbe huongezeka mpaka wafikie ukomo wa makazi yao. Kwa pweza wa miambani, Octopus cyanea, haitoshi. Maisha yake ni mwaka mmoja na kitu. Jike hutaga mara moja, hulinda mayai bila kula, akafa. Katika miezi mitatu kinachopanda hasa ni uzito wa kila mmoja, si idadi.

Basi tuhesabu uzito. Chukua pweza 100 wa nusu kilo: kilo 50. Tuseme, kwa mfano tu, kila mwezi uzito unazidi maradufu na 20 katika kila 100 wanakufa au kuliwa na mikunga. Mwezi wa kwanza wanabaki 80 wa kilo moja: kilo 80. Wa pili, 64 wa kilo mbili: kilo 128. Wa tatu ukuaji umelegea, uzito unaongezeka asilimia 30 tu, na kwa kuwa majike wameshaanza kuatamia, vifo vinafika 40 katika kila 100. Wanabaki 38 wa kilo 2.6, karibu kilo 100. Mwezi wa tatu umekula kilo 28! Anayetaka mzigo angefungua mapema; anayetaka mayai angevumilia. Kamati iamue inataka lipi kabla ya kufunga.

Namba halisi ziko dikoni, wavuvi wanakoshushia mzigo. Mpime kila pweza, mtambue jinsia (ncha ya mnyiri wa tatu wa kulia wa dume haina vikombe), andikeni watu wangapi walichokoa pweza mashimoni, kwa saa ngapi, na maji gani. Hili la maji ndilo linalosahauliwa. Siku za bamvua, yaani za maji makubwa, maji hupwa mbali na mashimo mengi hufikika kwa miguu, kwa hiyo mzigo hupanda hata kama pweza ni walewale. Bamvua ilinganishwe na bamvua, na wazamiaji wasichanganywe na wachokoaji wa miguu.

Halafu kuna binadamu, ambaye modeli nyingi humwacha nje. Aliyefungiwa hapa huhamia mwamba wa jirani. Pweza waliopungua kule watolewe kwenye faida ya huku, kwa hiyo daftari la diko la jirani lianze kujazwa wiki kadhaa kabla ya kufunga.