Shimo moja la makombora walilibakiza, na walifanya la maana
Mwandishi wa makala niliyoisoma kuhusu kambi za zamani za kijeshi anasema Marekani ilifanya vyema kulipua mashimo ya kurushia makombora ya nyuklia ya Titan II, eti kambi iliyopitwa na wakati haina faida kwa mtu. Mbona hasemi kwamba kati ya yale 54 moja lilibakizwa kule Arizona, likawa makumbusho, mfuniko wake ukazuiwa nusu wazi ili satelaiti za Wasovieti zijionee kwamba halitumiki tena? Hapa Bagamoyo tunao mnara wa Dunda, Wajerumani waliujenga 1889 wakati wa vita vya Abushiri. Mlango waliuweka juu. Ukiondoa ngazi haingii mtu. Mwanangu aliukodolea macho akaniuliza, “Baba, walikuwa wanamwogopa nani?” Sisi, mwanangu! Wenzangu wa Tanga, kwenu vita vya 1914 vimebakiza nini cha kuonyesha watoto?