Usiniulize Natumia Programu Gani

Vijana wanaotaka kuwa wahariri wa filamu huniuliza swali lilelile: "Kaka, unatumia programu gani?" Hakuna aliyewahi kuniuliza nilikaa na shoti moja muda gani kabla sijaitupa.

Siku hizi nawajibu kwa habari za Thelma Schoonmaker, mhariri wa filamu wa Marekani. Alizaliwa Algiers mwaka 1940, akasoma Chuo Kikuu cha Cornell akitaka kuwa mwanadiplomasia. Kwenye usaili akaambiwa kwamba kwa jinsi alivyokuwa akiusema waziwazi ubaguzi wa rangi wa Afrika Kusini, kazi hiyo haitamfaa. Basi akajibu tangazo la gazetini: anatakiwa msaidizi wa mhariri. Kazi yenyewe ilikuwa kupunguza filamu za Ulaya zienee kwenye muda wa televisheni. Zilikatwakatwa kama nyama buchani. Nadhani mtu aliyeona kazi nzuri ikifanyiwa hivyo hashiki mkasi ovyo tena.

Kwenye kozi fupi ya kiangazi jijini New York akakutana na mwongozaji Martin Scorsese, na Schoonmaker ndiye aliyemhariria filamu yake ndefu ya kwanza, ya 1967. Filamu ya tamasha la muziki la Woodstock ikampa uteuzi wa Oscar. Ungedhani milango imefunguka. Wapi! Chama cha wahariri kilitaka kwanza apitie miaka ya uanagenzi ndipo apewe kadi, na bila kadi Hollywood haikuwa na nafasi yake. Muongo ukapita. Raging Bull ya Scorsese ilipotoka mwaka 1980 alitwaa Oscar, kisha nyingine mbili kwa The Aviator na The Departed, nazo za Scorsese.

Wapo wanaosema amebebwa na mwongozaji. Sikatai kwamba ni bahati kupata mtu mmoja anayekuamini zaidi ya miaka 40. Ila tazama huku kwetu: mhariri huletewa picha usiku wa kuamkia siku ya kurusha tamthilia, mwongozaji hata hamjui kwa jina, anaambiwa "malizia tu". Kuaminiana huko kutaota lini?

Anayesisitiza kujua programu, namwambia. Schoonmaker alikata filamu kwa mkono mpaka katikati ya miaka ya 1990, ndipo akahamia kwenye Lightworks. Wengi niliowatajia jina hilo hawajawahi hata kulisikia.