Leza kwa viungo vya mbwa: uliza jouli, usiulize dakika

Mbwa mzee anayechechemea asubuhi na kusita mbele ya ngazi hastahili kumulikwa leza ya kutuliza maumivu "dakika tano" tu kisha akarudishwa nyumbani. Dakika peke yake si dozi. Leza hupimwa kwa jouli (kipimo cha nishati) kwa kila sentimita ya mraba ya ngozi, na kiungo kilichojificha ndani kama nyonga huhitaji takriban 8 hadi 10.

Chukua nyonga yenye eneo la sentimita za mraba 150. Zidisha kwa 8: jouli 1,200. Mashine ya wati 4, yaani inayotoa jouli 4 kila sekunde, huzimaliza kwa sekunde 300. Mashine ya nusu wati inataka dakika 40. Ikizimwa baada ya tano, kiungo kimepata jouli 1 kwa kila sentimita ya mraba, na mwenye mbwa anaondoka akiamini leza ni utapeli.

Manyoya nayo hula mwanga. Yakiwa mazito, yanyolewe. Kwa mbwa mweusi mwanga hugeuka joto upesi, hivyo punguza wati, ongeza muda, na usikitulize kichwa cha leza mahali pamoja. Goti lizungukwe pande zote, siyo mbele tu.

Kile kitone chekundu unachokiona ni cha kuelekezea tu. Mwanga unaotibu, mara nyingi wa nanomita 810 au 980 (kipimo cha urefu wa wimbi la mwanga), hauonekani, kwa hiyo jicho halishtuki wala kufumba. Kila aliyemo chumbani avae miwani iliyoandikwa nanomita hizo hizo, na mbwa afunikwe macho. Miwani ya jua haikingi kitu.

Ninalosisitiza kuliko yote: picha ya eksirei kwanza. Kwa mbwa wakubwa, kuchechemea mguu mmoja kunaweza kuwa saratani ya mfupa, hasa karibu na goti au bega, na juu ya uvimbe wa saratani leza haipigwi. Wala haipigwi juu ya tumbo lenye mimba.

Ratiba ya kawaida ni mara 2 au 3 kwa wiki, wiki 3 za mwanzo, kisha inapunguzwa. Gegedu (utando unaofunika ncha za mifupa kiungoni) lililosagika halitaota upya. Kinachotafutwa ni kupunguza maumivu. Mbwa mnene apunguzwe uzito, na dawa alizoandikiwa na daktari wa mifugo zisikatishwe kienyeji. Ibuprofeni ya binadamu asipewe kamwe.

Kabla ya siku ya kwanza, mrekodi kwa simu akitembea kwenye sakafu ileile, kwa mwendo uleule. Rudia baada ya mara ya sita. Video mbili zikifanana, acha kulipia.