Waverley ilizaliwa na reli

Nimesoma makala kuhusu Waverley, meli ya mvuke ya Uskoti inayosukumwa na magurudumu mawili makubwa yenye makasia, moja kila ubavu. Makala nzuri, ila mwandishi anasema meli hiyo "ilijengwa kwa watalii". Hapana, ndugu yangu. Ilijengwa na kampuni ya reli, LNER, kuziba pengo la Waverley ya kwanza ya 1899, nayo pia ya reli, iliyozamishwa Dunkirk, Ufaransa, 1940 ikiokoa wanajeshi katika Vita Kuu ya Pili. Hii ya sasa iliteremshwa majini Glasgow Oktoba 1946, ikaanza kazi 1947. Abiria alishuka kwenye treni stesheni ya Craigendoran, pwani ya Uskoti, akatembea hatua chache tu gatini, akapanda meli kwenda kijiji cha Arrochar. Mwaka 1948 reli zikataifishwa, na meli ikaenda nazo.

Kinachonivutia zaidi ni mashine yake. Ni ya mvuke, silinda tatu, na abiria anasimama ubavuni pake akiitazama ikizunguka, mafuta yakinukia! Magurudumu yake mawili yako kwenye mhimili mmoja, kwa hiyo huwezi kuzungusha moja mbele na jingine nyuma ili kuigeuza meli papo hapo. Hebu fikiria nahodha anavyohangaika kufunga gati penye upepo.

Halafu 1974 ikauzwa kwa chama cha wapenzi wa meli hizi kwa pauni 1. Ndiyo, moja!

Kama unajiuliza meli na reli wapi na wapi: meli yetu Liemba ya Ziwa Tanganyika, japo haina magurudumu, nayo iliendeshwa na shirika la reli miaka mingi. Wazee wa Kigoma wanajua.