Boti ya Kushea Sawa, Ila Habari ya Pomboo Tukubaliane Kabla ya Kupanda

Mimi ni mtu wa boti za kushea za kwenda kutembea baharini Zanzibar, kuona pomboo na matumbawe, na tukiwa wawili watatu sioni kwa nini tukodi chombo kizima peke yetu. Nenda Fumba asubuhi, au shuka mpaka Kizimkazi kule mwisho kabisa wa kusini ya Unguja, utakuta watu wanasubiri pwani, familia imetoka Dar na watoto, mabinti wa chuo wamechangishana, wazungu wako fungate, na hamjafika hata nusu ya safari watu wanapeana losheni ya jua, mmoja anamfungia mtoto wa mwenzake jaketi la kuokolea, stori zimeshakolea. Hela kubwa kwenye hizi safari inaliwa na petroli, na mafuta ni karibu yale yale mkiwa wawili au mkiwa kumi, kwa hiyo mkigawana kila mtu anatoa kidogo na nahodha naye anarudi nyumbani na kitu. Kwa mtu wa kipato cha kawaida hapa nyumbani hiyo ndiyo njia ya kuiona Ghuba ya Menai bila kuvunja kibubu.

Na Menai ni ya kuiona jamani. Ghuba yote ile ya kusini magharibi imekuwa eneo la hifadhi tangu 1997, kilometa za mraba 470, ndani yake kuna Kwale na Pungume na visiwa vingine vidogo, kuna mikoko, kuna mafungu ya mchanga yanayotokeza maji yakipwa na kupotea yakijaa. Siku yenyewe inakwenda kwa maji, sio kwa saa ya mkononi, fungu mtashuka saa ngapi anajua nahodha na mwezi, ndio maana ukikuta mtu anakuahidi ratiba ya dakika kwa dakika ujue huyo ni papasi tu, dalali wa watalii wa mjini, baharini hajafika.

Kwenye matumbawe ndipo pananimaliza. Unavaa miwani na snokeli, unainamisha uso majini, kelele zote za juu zinakatika, unasikia mlio kama bisi zinapasuka sufuriani, hao ni vikamba vidogo vidogo kwenye mawe wala huwaoni. Halafu ukitulia unasikia kitu kinatafuna, kru kru kru, ukigeuka unamkuta pono na mdomo wake ule mgumu anakwangua jiwe. Anakula majani yaliyoota juu ya matumbawe na jiwe lenyewe anasaga humo humo, linatoka kwa nyuma likiwa mchanga, yaani ule mchanga mweupe wa kwenye fungu ambao watu wanapigia selfi sehemu yake imeshapita tumboni mwa pono. Nilipoambiwa hiyo na baharia mmoja nilirudi majini kumwangalia upya. Kama hujui kuogelea usiogope, vaa jaketi, shika boya, mwambie baharia akuvute taratibu, wengi wanafanya hivyo na wanaona kila kitu. Ila usisimame juu ya matumbawe hata kama umechoka, ni viumbe hai vile na vinakua pole pole mno, na kiti cha pweza, yule mwenye umbo la nyota, muache chini hapo hapo alipo, kumtoa nje ya maji kwa ajili ya picha ni kumuumiza, anapumua majini yule.

Sasa tuje kwa pomboo, maana hapo ndipo roho yangu inauma.

Kizimkazi asubuhi ikifika saa mbili hivi hali inakuwa hii: boti moja inaona pezi la mgongo, simu zinapigwa, boti zote zilizo karibu zinageuza pua. Mashine zinaunguruma, huyu anapita kulia, yule anawakata mbele, mtu anapiga kelele rukeni rukeni, abiria wanajitupa majini na mapezi yao ya plastiki miguuni, pomboo wanazama. Wanaibukia mbali. Abiria wanapandishwa haraka haraka na mbio zinaanza upya, mara ya pili, ya tatu, ya nne, mpaka wageni wa boti fulani wachoke au mafuta yapungue. Nimeshamuona mama na mtoto wake katikati ya hiyo fujo, kamtoto kameganda ubavuni kwa mama, kila wakitokeza kuvuta pumzi wanakuta boti, wanazama tena na pumzi fupi. Watu wanashangilia. Mimi nilikaa chini kwenye boti nikainama, sikutaka kuangalia.

Tukumbuke huyu sio samaki. Ni mamalia, ana mapafu, lazima aje juu kupumua, na hata usingizi wake analala nusu ya ubongo huku nusu nyingine iko macho imsaidie kupumua na kuangalia hatari. Mtoto anabebwa tumboni kama mwaka mzima, akizaliwa ananyonya zaidi ya mwaka, kwa hiyo mama hazai ovyo, mtoto mmoja anachukua miaka. Watafiti walioshinda hapo hapo Kizimkazi kwa miaka wakiwaangalia waliona wazi kwamba boti za watalii zikiwepo pomboo wanapunguza kupumzika, wanapunguza kula, muda mwingi unaishia kwenye kuhama huku na huku. Na hawako wengi kama tunavyodhani kwa sababu tunawaona kila siku, hesabu zilizofanywa miaka ya 2000 mwanzoni zilikadiria wale wenye pua ya chupa hawafiki 200 katika eneo lile, na wale wenye nundu mgongoni kama 60 tu. Hao wenye nundu wako kwenye orodha ya dunia ya wanyama walio hatarini kutoweka. Sitini! Shule moja ya kijiji ina madarasa yenye watoto zaidi ya hao.

Mtu asinielewe vibaya, sisemi biashara ifungwe, tena naitetea. Zamani pale Kizimkazi pomboo alikuwa anavuliwa, nyama yake inageuzwa chambo cha papa, mpaka miaka ya 90 walipoanza kuja wageni wa kumuangalia ndipo wavuvi wakaona kwamba pomboo akiwa hai analipa zaidi, kesho yupo, keshokutwa yupo. Uwindaji ukaachwa. Hiyo ni kazi ya maana waliyoifanya watu wa Kizimkazi wenyewe na nyumba nyingi pale zimejengwa kwa hiyo hela, watoto wamesoma. Bado pomboo wengine wanakufa kwenye nyavu za jarife, hilo halijaisha, lakini kijiji kizima leo kina sababu ya kutaka pomboo waendelee kuwepo na sababu hiyo ni mimi na wewe tunaokuja kulipa. Ndio maana inaniuma, watu walishatoka kwenye chambo cha papa, leo tunawachosha wale wale pomboo kwa mbio za asubuhi, na pomboo akichoka na mahali anahama, hana shamba wala nyumba ya kumzuia.

Nahodha nahisi tunamtwisha lawama asiyostahili peke yake. Fikiria anabeba abiria wanane ambao hawajuani, wote wameonyeshwa picha mjini ya mtu anaogelea bega kwa bega na pomboo, wote wamelipa kwa ajili ya ile picha. Anajua wasipoipata bakshishi hamna na watamsema vibaya mtandaoni. Boti ya jirani inakimbiza, yake ikikaa mbali abiria wanaanza, kaka mbona wale wako karibu, kaka sogea basi. Na kwenye boti ya kushea mwenye sauti kubwa ndiye anayeamua, wapo waliotaka utulivu lakini wanamuonea aibu mtu wasiyemjua, wananyamaza, safari yote inaendeshwa na yule mmoja mwenye kamera ya GoPro.

Kwa hiyo jambo hili limalizwe pwani, kabla ya mguu kuingia majini. Mimi nikifika nasalimia, nakaa na wenzangu, nikishajua nani na nani nawaambia waziwazi, jamani mnaonaje tukiwaona pomboo tumuombe nahodha apunguze mwendo asiwakate mbele na tusiruke juu yao. Sijawahi kukuta kundi zima linakataa. Wengi wanasema kumbe na wewe unawaza hivyo. Wakishakubali namfuata nahodha, shikamoo nahodha, sisi wote hatuna haraka, pomboo hata tukiwaona kwa mbali tumeridhika. Uso wake unabadilika, unaona kabisa mzigo umemtoka, wazee wengi wa bahari hawaipendi ile fujo kabisa.

Siku moja ilikuwa hivyo na nahodha wetu, mtu mzima, akatuambia basi tusiende kwenye lile kundi la boti. Akatupeleka pembeni, akazima mashine, tukaelea. Kijana mmoja akauliza tunasubiri nini, mzee akamjibu, "Mwanangu, hawa ukiwafata wanakukimbia, ukiwawacha wanakuja wenyewe." Tukakaa sana tu, jua linapanda, watu wanakula machungwa. Kisha pfuu, pumzi, nyuma yetu. Wakapita taratibu, mmoja akajilaza ubavu chini ya boti akatutazama kwa jicho moja, unaona mikwaruzo ya zamani kwenye ngozi yake ya kijivu na tumbo lenye madoadoa, na hakuna aliyeruka. Yule kijana aliyeuliza alisahau hata kutoa simu. Tungeweza pia kukosa, bahari haina dhamana, na bado ningelipa hela ile ile kwa furaha.

Kwa wanaosimamia hifadhi nina ombi moja. Boti mbili kwa kundi moja la pomboo, nyingine zisubiri mbali, na kundi lenye mama na mtoto liachwe kabisa. Doria iwepo asubuhi, maana fujo ni ya asubuhi. Sisi wageni tunalipia kuingia pale, hiyo hela ikilipa mafuta ya boti ya doria hakuna atakayelalamika, na manahodha watapumua kwa sababu hakuna jirani wa kushindana naye.

Ukitaka bahari nzuri nenda wakati wa kaskazi, kuanzia Desemba mpaka kabla ya masika, maana kusi likivuma miezi ya katikati upande wa Kizimkazi unachafuka na wenye matumbo mepesi wanateseka. Angalia jaketi zinafungika, sio zimerundikwa tu chini ya benchi. Mkila Kwale, wali wa nazi na ngisi na changu wa kuchoma, taka za plastiki zirudi na nyinyi. Bakshishi mpeni nahodha hata kama pomboo hawakutokea. Na ukirudi nyumbani andika rivyu, useme alizima mashine mbali, useme alikataa kuwakimbiza, utaje jina la chombo chake ili anayetafuta boti kesho amkute yeye.